Usibonyeze Kitu Kwanza

Usibonyeze kitu, mwanangu. Weka hicho kinasa sauti hapo mezani, toa kidole kwenye kitufe, unisikilize. Najua umekikuta kabatini kwa marehemu bibi yako pamoja na kaseti zake, na najua moyo unakwenda mbio kutaka kusikia kuna nini ndani. Wenzako wengi wamesimama mbele ya meza hii na moyo huo huo. Walibonyeza kwanza, wakanijia baadaye na utepe uliojisokota ndani ya mfuko wa plastiki, wakiuliza kama sauti ya baba yao bado yaweza kuokolewa. Nimechoka kuwajibu. Afadhali nichoke kwa kusema nawe mapema.

Shika jambo moja, maana mengine yote yanatoka hapo. Kinasa hiki kinaweza kungoja. Ni vyuma, nyaya na mipira, na kila kilichoharibika humo kinaweza kununuliwa, kuchongwa au kung'olewa kwenye kinasa kingine kilichokufa. Sauti iliyomo kwenye kaseti haina duka. Nyinyi vijana mnafanya kinyume: mnakionea huruma chombo, mnakipangusa vumbi, mnakipiga picha kikiwa kimekaa vizuri kwenye rafu, halafu mnakitia kaseti ya pekee ya ukoo mzima ili kuona tu kama kinazunguka.

Kaseti zenyewe zilitolewa na Philips mwaka 1963, kwenye maonyesho ya redio ya Berlin. Aliyeongoza kazi ile alikuwa mhandisi wa Kiholanzi, Lou Ottens, pamoja na wenzake wa kiwanda cha Hasselt, Ubelgiji. Inasimuliwa kwamba alichukua kipande cha mti kinachoingia mfukoni mwa koti lake, akasema kinasa kisizidi hapo. Baadaye Philips wakayaruhusu makampuni mengine yatengeneze kaseti bila kulipia, mradi yasiguse vipimo: utepe wa upana wa milimita 3.81, uende sentimita 4.76 kwa sekunde. Ndiyo maana kaseti iliyonaswa Lamu inaingia kwenye mashine ya Kijapani iliyonunuliwa Dubai. Ndiyo maana pia hapa Mombasa Mbwana Radio Service waliweza kuzifikisha taarabu majumbani kwa kaseti, watu wakabeba vinasa vyao hadi harusini wakaviweka mbele ya spika, mashehe wakasikika mawaidha yao vijijini wasikowahi kutia mguu, na waliokwenda Uarabuni wakatumiwa salamu kwa sauti ya mama badala ya barua. Hayo ndiyo yaliyomo kabatini kwenu.

Tuanze na betri. Fungua kifuniko cha nyuma. Naam, kama nilivyodhani: zimo tangu bibi yupo hai. Vinasa vingi havikuuawa na kazi, viliuawa na betri zilizosahauliwa ndani. Hizi za kawaida tulizozizoea, za Eveready zilizokuwa zikitengenezwa Nakuru mpaka mwaka 2014, au za National za kiwanda cha Matsushita kule Dar es Salaam, zikivuja hutoa maji yenye asidi, kahawia na ya kunata, yanayokula bati mpaka likatoboka. Hapo unapaka magadi ya kuokea yaliyolowanishwa kidogo, unasubiri yaache kutoa povu, unapangusa. Lakini betri za alkali, zile za bei ya juu, mvujo wake ni unga mweupe, na dawa yake ni kinyume: siki, au ndimu. Ukizichanganya dawa hizo mbili hupati kitu. Kisha pitisha kitambaa chenye maji kidogo, kausha, malizia kwa spiriti. Springi ikibaki na kutu isugue kwa msasa laini mpaka chuma kionekane. Na usiishie unapopaona. Fuata ule waya unaotoka kwenye springi. Ukiukunja ukahisi ni mgumu, na ncha yake ni ya kijani, kutu imeshatambaa chini ya plastiki. Ukate, ulehemu mwingine.

Adapta? Usichomeke adapta ya kuokota. Kinasa cha betri nne kinataka volti 6, lakini volti peke yake hazitoshi. Tazama mchoro mdogo kando ya tundu: vinasa vingi vya Kijapani vya zamani hasi yake ipo katikati, ilhali adapta nyingi za siku hizi zina chanya katikati. Ukigeuza, kitakachokwambia ni harufu. Mimi nakushauri utumie betri mpya na uzitoe kila jioni. Kuna watu wazima, wasomi, nimewaambia hili la kutoa betri mpaka nimekuwa kero kwao, na bado wanazilaza humo miaka.

Sasa chukua kaseti moja ya bibi. Usiitie, ishike tu. Tazama mgongo wake, upande ule usioonyesha utepe. Kuna vijilango viwili vidogo vya plastiki, kimoja kila pembe. Kama bado vipo, vivunje vyote viwili, sasa hivi, kwa ncha ya bisibisi. Vikishavunjika, kitufe chekundu hakishuki. Ukitaka kunasa tena siku nyingine utaziba matundu kwa selotepu, leo hatunasi.

Naona umetabasamu, unadhani huwezi kubonyeza chekundu kwa bahati mbaya. Acha nikueleze kitu ambacho hata mafundi wengine hawakijui. Kabla utepe haujafika kwenye hedi inayosoma, unapita kwanza kwenye hedi nyingine ndogo, ya kufuta. Kwenye vinasa vya bei kubwa, ile ya kufuta inafanya kazi kwa umeme, kwa mtetemo wa kasi usiosikika. Lakini kwenye vinasa vingi vya bei nafuu, hivi bapa vya spika moja vyenye vitufe mbele, kifutio ni kipande cha sumaku tu kilichofungwa kwenye mkono wa chuma. Ukibonyeza chekundu, mkono unasogea, sumaku inaugusa utepe. Haihitaji umeme. Hata betri hazimo, pale ilipogusa pameshafutika. Mtu anasema, nilikuwa najaribu vitufe tu kama vimekwama, kinasa hakikuwa na betri. Ndiyo, mwanangu, na neno moja la marehemu limeondoka. Vunja vijilango.

Kwa majaribio tafuta kaseti isiyo na mwenyewe. Zipo nyingi, masanduku kwa masanduku, za muziki ambao kila mtu anao. Hiyo ndiyo ya kuhatarisha.

Haya, tufungue. Skrubu hazilingani urefu, na ile ndefu ukiitia mahali pa fupi itatoboa bodi. Zipange juu ya karatasi kwa namna zilivyokaa, upige picha kwa hiyo simu yako. Hapo ndipo ninapoipenda simu. Nyaya za spika na za kishika betri ni nyembamba na zilishachoka, kwa hiyo ukifungua usivute, fungua kama kitabu na utazame kwanza wapi zinashika.

Unaona hii nyeusi iliyotapakaa juu ya gurudumu zito? Hiyo ilikuwa belti. Mpira wa namna hii una hali mbili za kufa. Wa kwanza hulegea: mota inazunguka, gurudumu linasuasua, sauti ya mwimbaji inazama na kupanda. Wa pili huyeyuka na kuwa weusi unaonata, na hautoki nguoni. Vaa glavu au funga plastiki mkononi. Toa weusi wote kwa pamba na spiriti kali, ile ya asilimia 99, siyo ya hospitali iliyotiwa maji mengi. Toa wote, nimesema. Ukibakiza alama ndogo kwenye mfereji wa puli, belti mpya itaruka hapo kila mzunguko na wewe utasikia sauti ikitetema usijue inatoka wapi. Petroli usilete. Mafuta ya taa usilete. Plastiki ya miaka ile ukiipaka petroli inapasuka mbele ya macho yako, na nimewahi kupokea kinasa kilichosafishwa hivyo na fundi mwenye haraka: vitufe vyote vilikuwa na nyufa.

Belti mpya haipimwi kwa macho. Pitisha uzi pale ilipokuwa ikipita belti ya zamani, ukate pale unapokutana, upime. Belti yenyewe ikiwa imelala, mzunguko wake uwe pungufu kidogo ya uzi huo, kama sehemu moja katika ishirini. Ikikaza zaidi italemea mota na kula bushi. Ikilegea utarudi pale pale. Na unene wake ufanane na ile ya kwanza, ikiwa ya mraba iwe ya mraba, ikiwa bapa iwe bapa. Usinifungie kirababendi cha kufungia noti. Najua vinafungwa, najua mtaani wanakata mpaka tyubu ya baiskeli. Kitazunguka, ndiyo. Lakini rababendi haina unene mmoja kuzunguka yote, na kila pale inaponenepa gurudumu linakwenda kwa mwendo mwingine. Sikio la mtu aliyezoea taarabu linalijua hilo kabla ya noti mbili tatu za fidla kuisha.

Sasa hapa palipo muhimu kuliko pote. Tazama kile kijiti cha chuma kinachong'aa, chembamba kuliko msumari. Kinazunguka, na kigurudumu cha mpira kinakuja kukibana. Utepe unapita katikati yao. Hao wawili ndio wanaouendesha utepe. Yale magurudumu mawili ya kaseti hayavuti, la kulia linakusanya tu kilichopitishwa. Ukielewa hili umeelewa kwa nini kaseti huliwa. Gurudumu la kukusanya likizubaa, kijiti na kigurudumu haviachi kusukuma. Utepe unamwagika ndani, unajizungusha kwenye kijiti, na kila sekunde ni karibu sentimita tano za bibi yako.

Kwa hiyo kabla ya kaseti yoyote, bonyeza kucheza kinasa kikiwa tupu, mlango wazi. Tazama gurudumu la kulia kama linazunguka bila kusita. Lizuie kwa ncha za vidole viwili: linapaswa kuteleza kwa upole mkononi, likiendelea kuvuta. Likisimama mara moja bila nguvu yoyote, halitoshi. Likikuvuta kidole kwa nguvu, litaunyoosha utepe mwembamba. Jaribu mara nyingi mpaka mkono uzoee. Jambo hili dogo limeokoa kaseti nyingi kuliko vifaa vyote vilivyomo kwenye droo zangu.

Kile kigurudumu cha mpira kipanguse kwa maji na sabuni kidogo, kisha kikauke. Wengine wanapiga spiriti. Kidogo haidhuru, lakini ukizoea inakausha mpira. Ukikiona kimeng'aa na kuwa kigumu, au katikati yake pana bonde, kisugue kidogo kwa msasa laini sana kama hatua ya dharura, na utafute kingine. Kigurudumu kibovu kinausukuma utepe upande, unapanda, unakunjika ukingo, na ukingo uliokunjika haunyooki tena sawasawa. Kijiti cha chuma chenyewe kisafishe kwa pamba yenye spiriti huku kikizunguka. Ule uchafu wa kahawia unaobaki kwenye pamba ni sauti za watu zilizobanduka. Safisha mpaka pamba itoke nyeupe. Hedi nayo vivyo hivyo, pamba na spiriti, usiiguse kwa chuma. Mwangaza wa pembeni utakuonyesha kama ina mfereji uliochimbwa na utepe wa miaka. Ukucha ukikwama humo, hedi imekwisha.

Kuhusu kuondoa usumaku kwenye hedi sitasema mengi. Kifaa chake kinawashwa mbali, kinasa kikiwa kimezimwa na kaseti zikiwa chumba kingine, kinasogezwa pole pole, kinaondolewa pole pole, kinazimwa mbali. Ukikizima karibu na hedi umeifanya sumaku kuliko ilivyokuwa. Kama huna utulivu huo, usiguse.

Mafuta: tone moja la mafuta ya cherehani kwenye bushi la gurudumu zito, kwa ncha ya sindano, baada ya kutoa grisi ya zamani iliyoganda. Tone, siyo mimino. Mafuta ya nazi yaache jikoni. Na yale makopo ya kupuliza ambayo vijana wa fundi simu wanayapulizia kila kitu, usiyaelekeze kwenye upande wa mipira hata kidogo. Mahali pake ni pamoja tu, napo ni kwenye swichi ya kunasa na kucheza.

Swichi hiyo ndiyo inayowapoteza wengi. Ni ndefu, imelala kwenye bodi, ina safu mbili za miguu, na unapobonyeza chekundu inatelezeshwa yote kwa pamoja. Kwa sababu kinasa kinatumia hedi moja na saketi moja kwa kazi mbili, swichi hii ndiyo inayogeuza njia zote: hedi itoe au ipokee, spika isikike au inyamaze. Ikikaa miaka bila kusogezwa, hasa kwenye hewa yetu ya chumvi, migusano yake inavaa weusi. Dalili zake ni kelele, mluzi, sauti inayokuja na kuondoka ukigonga boksi, au ukimya kabisa. Mtu akisikia mluzi anakimbilia kubadilisha kapasita na transista, analehemu na kubandua mpaka bodi inainuka ngozi. Pulizia dawa ya migusano kidogo ndani ya swichi, kisha iteleze mbele na nyuma kwa mkono, bila kaseti ndani, mara nyingi mpaka ichoke kukukataa. Mara nyingi ugonjwa unaishia hapo. Baada ya hapo ndipo utazame kapasita zilizovimba au zilizolowesha bodi chini yake.

Sasa kinazunguka na kinasema. Tia kaseti ya kuhatarisha, uisikilize upande wote, siyo dakika mbili. Isikilize ukiwa umekaa. Ikiwa mwendo wake si sawa, usikimbilie ile skrubu ndogo iliyo nyuma ya mota kabla hujahakikisha belti na kigurudumu ni vizima. Kupima mwendo kuna njia nyingi. Kaseti nyingi za zamani zilizonaswa redioni zina ile milio sita mifupi ya saa ya BBC. Kila mmoja ni sauti ya hezi 1000, na programu ya simu ya kupimia noti itakwambia unasikia ngapi. Zilizonaswa kwa kinasa kilichochomekwa ukutani mara nyingi zina ule mvumo wa chini wa umeme, na umeme wetu ni hezi 50. Ukisoma 52, kaseti hiyo inakwenda mbio, ama kwa kosa la kinasa chako ama la kile kilichonasa. Kwa sikio la nyumbani hakuna tofauti ya nani mkosaji. Unarekebisha mpaka mvumo urudi 50, na shangazi yako anarudi kuwa shangazi yako.

Kuna skrubu nyingine, ndogo, kando ya hedi, yenye springi chini yake. Hiyo ndiyo ya ulalo. Nisikilize vizuri hapa. Hedi ina mwanya mwembamba sana usioonekana kwa macho, na mwanya huo lazima usimame digrii 90 kamili kwa mwendo wa utepe. Ukiinama kidogo tu, sauti nene zinabaki, nyembamba zinaondoka. Herufi s zinazama, visahani vya rika, lile tari la taarabu, vinakuwa kama vimefunikwa blanketi, na mtu anasema kaseti imechakaa. Haijachakaa. Bibi yako alinasa kwa kinasa ambacho labda hedi yake ilikuwa imeinama. Utepe umehifadhi uinamo huo huo kwa uaminifu. Ukitaka kumsikia, hedi yako iiname vile vile. Kwa hiyo tia tone la rangi ya kucha kwenye kichwa cha skrubu kuashiria ilipo sasa. Vaa visikizi. Cheza kaseti, mahali penye rika au maneno yenye s nyingi, uzungushe skrubu kidogo kidogo, robo mzunguko haufiki, mpaka sauti ifunguke. Utaisikia ikifunguka, huhitaji mtu akuambie. Ukimaliza kaseti hiyo, rudisha kwenye alama. Na kaseti nyingine inaweza kutaka ulalo mwingine.

Ukinasa mwenyewe kwa kinasa kama hiki, jua kina tabia ya kujipandishia sauti palipo kimya. Ndiyo maana kwenye kaseti za mahojiano, mzee akinyamaza kutafuta neno, nzi na mashine ya kusaga ya jirani vinapanda juu. Huo si ubovu, usiutafutie dawa.

Kaseti zenyewe. Hewa yetu ya pwani inaota ukungu: unga mweupe kwenye ukingo wa utepe, unaonekana kwenye dirisha la kaseti. Kaseti ikiwa na ukungu huo, usiitie kwenye kinasa safi. Itakiambukiza kigurudumu na kaseti zote zifuatazo. Iweke kando mpaka ikauke mahali penye hewa, kivulini, na upangushaji wake uniachie. Kile kipande kidogo cha sufu kinachousukuma utepe kwenye hedi, gundi yake hukauka kikadondoka. Sauti ikififia ghafla kwenye kaseti moja tu, tazama hapo. Kaseti yenye skrubu tano unaweza kuifungua na kuhamishia utepe kwenye boksi jingine. Ile iliyogundishwa inapasuliwa kwa kisu kwenye mshono, kwa subira. Utepe ukikatika, usiunge kwa selotepu ya ofisini, gundi yake inatoka pembeni na kushika tabaka la chini. Kuna utepe maalumu wa kuungia. Na kaseti za dakika 120, utepe wake una unene wa kama maikromita 9, nusu ya ule wa dakika 60. Hizo zikiwepo, usizikimbize mbele na nyuma. Zicheze tu.

Nimechoka kidogo, nipe maji. Ahsante.

Kuhamishia kwenye kompyuta ni rahisi kuliko yote haya. Waya kutoka tundu la kisikizi, sauti ya kinasa iwe kati, sauti ya kompyuta isifike nyekundu. Weka faili kubwa isiyobanwa, ya WAV, na nakala mbili mahali tofauti. Ndogo ya MP3 ya kuwatumia jamaa kwa WhatsApp itoke kwenye hiyo kubwa. Cheza upande mzima bila kusimamisha. Usikate ukimya wa mwanzo, usisafishe kelele. Kelele unaweza kuiondoa mwakani. Ukiiondoa leo na kikohozi cha babu kikaenda nayo, hakirudi.

Na hapa, mwanangu, ndipo ninapowaona wengi wakisimama wakidhani wamemaliza. Wamepata faili. Jina lake ni kaseti namba moja, upande A. Nani anaimba? Hawajui. Harusi ya nani? Hawajui. Mwanamke anayecheka nyuma na kusema neno la Kipemba ni nani? Hakuna aliyeuliza. Miaka kumi baadaye hakuna wa kuulizwa. Nduguye bibi yako yupo hai, yule wa mtaa wa Kuze, na sikio lake bado zima, nimeongea naye juzi nje ya msikiti. Mpelekee faili kabla hujampelekea mtu mwingine. Kaa naye na daftari, andika dakika na jina. Usimuulize maswali ya mwandishi wa habari. Cheza, nyamaza, atasimamisha mwenyewe. Akisema huyo ni fulani bin fulani, aliyekuwa akipiga udi, akafa baharini, andika hivyo hivyo. Akilia, simamisha kinasa, siyo simu inayorekodi maneno yake.

Baada ya hapo kitumie kinasa. Kila mwezi kipige upande mmoja wa kaseti, bonyeza kila kitufe, telezesha ile swichi bila kaseti ndani. Belti iliyokaa mahali pamoja inapinda kwenye puli, grisi inaganda, swichi inavaa weusi. Usikifungie kwenye kabati la kioo. Na betri utoe. Nimeshasema, najua.

Njoo Jumatano baada ya Alasiri, uniletee kinasa bila kaseti. Kaseti ziache nyumbani, mahali pakavu, zisimame wima, mbali na spika. Belti nitakuwa nimeshapima. Kuna mtu wa Mwembe Tayari anazo za mraba. Gharama tutazungumza, na tafadhali usinianzie na lile la kwamba ni kitu cha zamani.